Nyumba karibu na bahari: Trei ya nyaya ikiliwa na kutu, mtoto yuko hatarini

Familia nyingi zinazojenga karibu na bahari huwa na tahadhari na chumvi. Wakiwa Kigamboni, Bagamoyo, Tanga, Mtwara, Unguja au Mombasa, wazazi huuliza maswali mengi kabla ya kununua mabati, hupaka madirisha ya chuma rangi mara mbili, na huchagua bawaba za mlango ambazo hazitakwama baada ya mwaka mmoja.

Lakini kuna chuma kimoja ambacho mara nyingi huachiwa fundi peke yake aamue. Ni trei za kubebea nyaya za umeme.

Trei ya nyaya ni kama mfereji mrefu wa bati lenye matundu, unaofungwa ukutani, chini ya dari au juu ya paa, ili nyaya zilale ndani yake badala ya kuning'inia au kufungwa kwenye misumari. Nyumba ndogo ambayo nyaya zake zote zimepita ndani ya ukuta inaweza isiwe nayo kabisa. Lakini ghorofa zinayo. Nyumba za kupangisha zenye mita kadhaa za LUKU zilizopangwa kwenye ukuta mmoja mara nyingi zinayo. Na siku hizi hata nyumba ya familia moja inaihitaji, kwa sababu kuna nyaya za paneli za sola zinazoshuka kutoka paani, nyaya za viyoyozi, za kamera, na za pampu ya kisima inayopandisha maji kwenye tanki.

Nyaya hizo zikipita nje, upepo wa bahari nao unapita hapo hapo. Trei isiyofaa inaweza kuanza kuliwa na kutu ndani ya miaka michache tu, wakati nyumba yenyewe bado inaonekana mpya.

Chumvi inafikaje huko

Mawimbi yanapopasuka ufukweni hurusha matone madogo sana ya maji ya chumvi. Upepo huyabeba hadi kwenye nyumba, uwe wa kaskazi au wa kusi. Maji yakikauka, chumvi hubaki juu ya kila kitu ilichokikuta. Nyumba zilizo mita chache kutoka ufukweni hupata mzigo mkubwa zaidi, na mzigo huo hupungua haraka kadiri mtu anavyoingia bara.

Mama yeyote wa pwani anajua tabia ya chumvi ya jikoni. Ukiacha mkebe wazi wakati wa masika, chumvi hulowa na kugandamana bila kumwagiwa tone la maji, kwa kuwa hunyonya unyevu wa hewani. Chumvi iliyotua juu ya trei hufanya vivyo hivyo. Usiku unyevu ukipanda, trei hubaki na utando wa maji ya chumvi, hata kama mvua haijanyesha kwa mwezi mzima. Katika maji hayo ndipo kutu huanza.

Kuna jambo jingine ambalo huwashangaza wengi. Trei iliyo wazi kabisa kwa mvua inaweza kudumu kuliko iliyojificha chini ya ukingo wa paa. Mvua huiosha ile ya nje. Ile iliyojificha hupata chumvi mwaka mzima bila kuoshwa hata mara moja. Kwa hiyo sehemu inayodhaniwa kuwa salama, yaani barazani, chini ya ngazi au nyuma ya tanki la maji, ndiyo inayotakiwa kuchunguzwa kwanza.

Kutu si suala la sura tu

Baadhi ya wazazi huona kutu kwenye trei kama uchafu unaoharibu sura ya ukuta. Hatari yake ni kubwa zaidi ya hapo.

Kwanza, trei iliyoliwa hulegea. Vishikizo vyake vikikatika, nyaya hubaki zimejishikilia zenyewe, na uzito huo huvuta maungio ya ndani ya masanduku. Maungio yakilegea hupata joto, na joto hilo ni chanzo cha moto.

Pili, bati lililoliwa huwa na kingo kali kama mdomo wa kopo la maziwa. Nyaya hutikiswa na upepo na kusuguliwa kwenye kingo hizo hadi ganda la plastiki linachanika. Shaba yenye umeme ikigusa trei, trei nzima inakuwa na umeme.

Hapo ndipo suala la ethi linapoingia. Trei ya chuma inatakiwa kuunganishwa na waya wa ethi, ule wenye rangi ya kijani na njano, ili umeme ukivuja upate njia ya kwenda ardhini na breka ianguke. Lakini trei si kipande kimoja. Imeunganishwa kwa bolti kila baada ya mita kama tatu. Kutu ikiingia kwenye maungio, njia hiyo hukatika. Kipande cha mwisho, ambacho huenda ndicho kinachopita karibu na bomba la kufulia au dirisha la chumba cha watoto, hubaki na umeme na hakuna kitu kinachozima.

Hesabu yake si ngumu. Umeme wa nyumbani una volti 230. Mtoto aliyelowa, asiye na viatu, akigusa chuma chenye umeme huo, mwili wake unaweza kupitisha mkondo wa zaidi ya miliampia 100. Mkondo wa miliampia 30 tayari ni hatari kwa moyo. Breka ya kawaida ya soketi ni ya ampia 20 au 32, yaani miliampia 20,000 au 32,000. Kwa breka hiyo, mkondo unaomuumiza mtoto ni kama haupo.

Hata fimbo ya ethi iliyochimbiwa ardhini haitoshi peke yake. Fimbo yenye ukinzani wa omu 20, kwa mfano, itapitisha ampia 11.5 tu kwa volti 230. Breka ya ampia 20 haitashtuka. Ndiyo maana nyumba inahitaji kifaa cha ziada kinachozima umeme mara tu unapovuja, ambacho mafundi hukiita RCD. Kile kinachowekwa kwa ajili ya kulinda watu hutakiwa kuzima kabla uvujaji haujapita miliampia 30. Kifaa hiki na trei nzuri havichukuliani nafasi. Trei huzuia tatizo lisitokee, na RCD huokoa maisha likishatokea.

Mng'ao si kipimo

Dukani, trei nyingi huonekana sawa. Zote ni za rangi ya fedha, na muuzaji atasema zote ni za galvanaizi, yaani zimepakwa zinki. Ni kweli, lakini unene wa zinki hiyo hutofautiana sana, na kwa nyumba ya pwani unene ndio unaoamua.

Zinki hufanya kazi kwa kujitoa mhanga. Huliwa yenyewe kwanza ili chuma kilicho chini kisiguswe. Zinki ikiisha, chuma hubaki uchi. Kwa hiyo swali la msingi ni moja: ipo zinki kiasi gani, na kwa mwaka huliwa kiasi gani?

Trei za bei nafuu hutengenezwa kwa bati lililopakwa zinki kiwandani kabla ya kukatwa. Bati la kawaida la aina hiyo hubeba gramu 275 za zinki kwa kila mita ya mraba, ukijumlisha pande zote mbili. Hiyo ni sawa na mikroni 20 hivi kila upande. Mikroni 1,000 ndizo zinazofanya milimita moja, kwa hiyo tabaka hilo ni jembamba kuliko unywele.

Aina ya pili hukatwa na kutobolewa kwanza, kisha trei nzima huzamishwa kwenye zinki iliyoyeyushwa kwa joto la nyuzi 450 hivi. Kwa chuma chenye unene wa milimita 1.5 hadi 3, kiwango cha kimataifa cha ISO 1461 kinataka wastani wa mikroni 55. Hiyo ni karibu mara tatu ya aina ya kwanza.

Viwango vya kimataifa pia vimegawa mazingira kwa ukali wake. Mazingira makali ya ufukweni yako katika daraja linaloitwa C5, ambapo zinki huliwa mikroni 4.2 hadi 8.4 katika mwaka wa kwanza. Mazingira ya pwani yenye chumvi ya wastani yako katika daraja la C4, ambapo huliwa mikroni 2.1 hadi 4.2.

Mzazi anaweza kupiga hesabu hiyo kwa umri wa mwanawe. Tuseme nyumba iko karibu na mawimbi na trei imefungwa mwaka aliozaliwa mtoto. Ikiwa ni ile ya mikroni 20, na zinki ikaendelea kuliwa kwa kasi hiyo, itakuwa imekwisha kabla mtoto hajafikisha miaka mitano. Yaani mtoto anaanza kukimbia uani, anafungua bomba na kushika kila kitu, wakati huo huo trei inaanza kuwa chuma kitupu. Ile ya mikroni 55 inaweza kumfikisha kati ya miaka sita na 13. Kwa nyumba iliyo mbali kidogo na ufukwe, ya mikroni 55 inaweza kufika miaka 13 hadi 26. Haya ni makadirio, lakini yanaonyesha kwa nini tofauti ya bei dukani si ya bure.

Jinsi ya kuzitofautisha

Mzazi hahitaji maabara. Taa ya simu inatosha kuanzia.

Achukue kipande cha trei na kumulika ndani ya matundu na kwenye kingo zilizokatwa. Trei iliyotengenezwa kwa bati lililopakwa mapema ni laini, inang'aa, na kingo za matundu yake zinaonyesha chuma kilichokatwa, bila zinki. Iliyozamishwa baada ya kukatwa huwa na rangi ya kijivu iliyofifia, ni ya kukwaruza kidogo ukiipapasa, na zinki imeingia hadi ndani ya matundu. Wakati mwingine huwa na vidonge vidogo vya zinki iliyoganda pembeni. Hivyo, ile inayopendeza macho dukani mara nyingi ndiyo dhaifu.

Zaidi ya hapo, ni haki ya mnunuzi kuomba karatasi ya kiwanda inayoonyesha unene wa zinki na kiwango kilichofuatwa. Kiwango cha kimataifa kinachohusu trei za nyaya ni IEC 61537. Muuzaji anayeijua bidhaa yake hatashangaa akiulizwa.

Zaidi ya zinki

Kwa nyumba iliyo ufukweni kabisa, hata mikroni 55 zinaweza zisitoshe. Hapo kuna njia nyingine, na kila moja ina masharti yake.

Chuma cha pua hutegemea kromiamu inayojenga ngozi nyembamba ya kujilinda. Aina inayouzwa sana ni 304, ile inayotumika kwenye masinki na sufuria. Kwa chumvi ya bahari, inayofaa zaidi ni 316, kwa sababu imeongezwa molibdenamu, asilimia mbili hivi, inayozuia vishimo vya kutu. Hata 316 inaweza kupata madoa ya kahawia isipofutwa, lakini mara nyingi madoa hayo ni ya juu tu. Tatizo ni bei yake, ambayo ni kubwa kuliko zote. Baadhi ya watu hupima kwa sumaku, na ni kweli kwamba sumaku huing'ang'ania trei ya chuma cha kawaida lakini haishiki sana chuma cha pua. Hata hivyo sumaku haiwezi kutenganisha 304 na 316. Kwa hilo, karatasi ya kiwanda ndiyo ushahidi.

Alumini ni nyepesi, karibu theluthi moja ya uzito wa chuma, na haitoi kutu nyekundu. Inafaa juu ya paa ambapo uzito ni jambo la kuzingatia. Lakini haipatani na saruji mbichi wala shaba. Ikilazwa kwenye plasta isiyokauka, saruji huichoma. Ikiguswa na waya wa shaba ulio uchi huku kuna unyevu wa chumvi, huliwa haraka mahali hapo.

Plastiki ya PVC haili kutu kabisa na bei yake ni nafuu, ndiyo maana mabomba na mifereji yake imejaa katika nyumba nyingi. Adui yake ni jua. Ile isiyotengenezwa kwa matumizi ya nje hukauka na kupasuka kama beseni lililosahaulika uani. Pia hurefuka kwa joto: kipande cha mita tatu kinaweza kuongezeka milimita nne hivi joto likipanda kwa nyuzi 20, kwa hiyo kikibanwa bila nafasi hupinda. Na ikishika moto hutoa moshi wenye tindikali, jambo la kufikiria katika korido ambayo watoto wataitumia kukimbilia nje.

Faibaglasi ndiyo inayotumika kwenye magati na mitambo ya baharini. Haishiki kutu na haipitishi umeme. Ni ghali kuliko PVC, na ikikatwa hutoa vumbi la nyuzi linalowasha ngozi na koo. Siku ya kuikata, fundi avae barakoa na watoto wakae mbali.

Plastiki na faibaglasi zina sharti moja la pamoja. Kwa kuwa hazipitishi umeme, haziwezi kusaidia kitu kwenye ethi. Waya wa ethi lazima upite ndani yake pamoja na nyaya nyingine hadi mwisho wa safari. Na hata kwa trei ya chuma, fundi mzuri hategemei trei peke yake kuwa njia ya ethi.

Mfuko ukiwa mdogo

Si kila familia inaweza kununua chuma cha pua, na si lazima. Jambo la kwanza ni kupunguza urefu wa trei iliyo nje. Njia ya nyaya ikipangwa kabla ya ukuta kuinuliwa, sehemu kubwa inaweza kupita ndani ya nyumba, ambako chumvi ni kidogo. Pale ndani, trei ya kawaida au bomba la plastiki linatosha.

Fedha iliyookolewa iende kwenye mita chache zinazopigwa na upepo: ukuta unaotazama bahari, paani, na chini ya ukingo wa paa. Kwa nyumba ya kawaida, trei yenye upana wa milimita 75 au 100 huwa inatosha kwa sehemu hizo. Isijazwe hadi juu. Nyaya zilizobanana hupashana joto, na kesho na keshokutwa familia itaongeza kiyoyozi au kamera.

Masanduku ya maungio yaliyo nje yawe ya plastiki yenye kifuniko cha mpira kinachozuia maji, badala ya yale ya bati. Ni mabadiliko madogo, lakini huondoa sehemu nyingi ambazo kutu huanzia.

Siku ya kufunga

Trei nzuri inaweza kuharibiwa ndani ya saa moja na ufungaji mbaya. Kuna mambo ambayo mzazi aliyesimama pembeni anaweza kuyaona, hata kama hajawahi kushika bisibisi.

La kwanza ni jinsi ya kukata. Grinda huunguza zinki na kurusha cheche za chuma ambazo hunasa juu ya trei na kuanza kutoa kutu zenyewe. Ni bora kutumia msumeno wa chuma, kisha kupiga tupa kwenye kingo ili zisichane nyaya. Trei ya galvanaizi isichomelewe. Na kila mahali palipokatwa au kutobolewa papakwe rangi maalumu yenye zinki nyingi. Rangi ya fedha ya kawaida huficha jeraha tu, haiponyi.

La pili ni bolti. Trei inaweza kuwa ya mikroni 55, halafu ikafungwa kwa vile vibolti vinavyong'aa ambavyo zinki yake ni mikroni chache tu. Bolti hizo ndizo zitakazooza kwanza, na trei itaanguka ikiwa bado nzima. Bolti, nati, washa na vishikizo viwe na ubora sawa na trei au zaidi. Trei ya chuma cha pua ifungwe kwa bolti za chuma cha pua.

La tatu ni metali zisizopatana. Waya wa ethi wa shaba uliovuliwa ganda usilale moja kwa moja juu ya zinki au alumini. Utumike wenye ganda, na pale unapofungwa kwenye trei kiwekwe kichwa cha shaba kilichopakwa bati.

La nne ni maungio. Kila mahali vipande viwili vinapokutana, pawepo na kipande kifupi cha waya wa ethi kinachoruka kutoka trei moja hadi nyingine, kilichokazwa sawasawa. Kazi ikiisha, fundi apime kwa mita kama njia hiyo haijakatika kutoka mwanzo hadi mwisho, mbele ya mwenye nyumba.

La tano ni maji. Trei yenye matundu ni bora nje kwa sababu haituamishi maji. Isigusane na ukuta, iachwe nafasi ya kupitisha hewa na mkono wa kufuta vumbi. Vishikizo visiachane sana. Mita moja hadi moja na nusu ni umbali wa kawaida, na mwongozo wa kiwanda ndio unaotoa neno la mwisho. Kamba za plastiki za kufungia nyaya ziwe nyeusi za kuhimili jua.

Kabla ya yote hayo, mzazi ahakikishe nani anafanya kazi. Tanzania Bara, leseni za mafundi wa kufunga mifumo ya umeme hutolewa na EWURA, na Kenya kazi hiyo iko chini ya EPRA. Kuomba kuona leseni si kumdharau fundi.

Ukaguzi wa familia

Baada ya hapo, nyumba inahitaji jicho. Mara mbili kwa mwaka, upepo unapogeuka kutoka kaskazi kwenda kusi na unaporudi, mzazi azunguke nyumba na kutazama trei bila kuzigusa.

Unga mweupe juu ya trei maana yake ni kwamba zinki inaliwa. Bado kuna muda, lakini fundi aitwe aifute ile chumvi na kuangalia maungio. Rangi nyekundu au kahawia maana yake zinki imekwisha mahali hapo na chuma chenyewe kimeanza kuliwa. Kipande hicho kipangiwe kubadilishwa. Bolti iliyovimba kwa kutu, trei iliyobonyea katikati au waya uliochubuka haufai kusubiri mwisho wa mwezi. Usipoziba ufa utajenga ukuta.

Kuosha au kufuta trei ni kazi ya kufanywa umeme ukiwa umezimwa, na ni vizuri ifanywe na fundi. Nyumba zenye sola zina tahadhari ya ziada. Kuzima meni swichi hakuzimi nyaya zinazotoka kwenye paneli. Mchana, jua likiwaka, nyaya hizo zina umeme.

Kifaa cha RCD nacho kina kitufe cha majaribio. Kibonyezwe angalau kila baada ya miezi mitatu. Kikizima umeme, kinafanya kazi. Kisipozima, hakilindi mtu, na kibadilishwe mara moja.

Familia inayopanga haiwezi kubadilisha trei ya mwenye nyumba, lakini inaweza kupiga picha, kumtumia, na kuhifadhi ujumbe huo. Inaweza pia kuuliza kabla ya kulipa kodi ya miezi sita: je, nyumba ina RCD, na mara ya mwisho ethi ilipimwa lini?

Watoto nao waambiwe kwa lugha nyepesi. Wasianike nguo kwenye trei, wasiifanye ngazi ya kupandia kufuata mpira paani, na wakihisi chuma chochote kinawatekenya mkononi, bomba, dirisha au geti, wakimbie kumwambia mtu mzima. Watu wazima wengi huzoea kutekenywa huko na kuvaa kandambili. Lakini hiyo ni dalili ya umeme unaovuja, na umeme unatakiwa uzimwe hapo hapo hadi fundi afike.

Mtoto akinaswa na umeme, asishikwe kwa mikono mitupu. Umeme uzimwe kwanza kwenye meni swichi. Ikishindikana, asukumwe kwa kitu kikavu kisichopitisha umeme, kama mti mkavu au mpini wa ufagio wa mbao, huku anayemwokoa akiwa amesimama mahali pakavu. Kisha apelekwe hospitali hata kama anaonekana mzima, kwa kuwa umeme unaweza kuwa umeathiri moyo bila kuacha alama kwenye ngozi.

Kwa familia ambayo bado iko kwenye ramani na msingi, muda mzuri wa kuzungumzia trei ni kabla fundi hajaandika orodha ya vifaa. Maswali matatu yanatosha kuanzisha mazungumzo: nyaya zitapita wapi nje, zinki ya trei ni mikroni ngapi, na bolti zake ni za aina gani.